Unataka kupiga dokumentari ya wahamiaji wanaopita Mbeya na Tunduma? Anzia hapa

Wadau wa kamera wa Mbeya, Songwe, Iringa na Njombe, hii nimewaandikia nyie, hasa mnaoanza na simu au kamera ya kuazima na mnasikia kabisa kwamba stori ya watu wanaopita kwetu kuelekea kusini inatakiwa isimuliwe na watu wa huku. Barabara ya Zambia inapita katikati yetu, Makambako, Igawa, Chimala, Igurusi, Uyole, Mlowo, Vwawa mpaka Tunduma, na ukikata pale Uyole unashuka Tukuyu mpaka Kasumulu unaingia Malawi, na kwa miaka mingi sasa kwenye barabara hiyo wanapita vijana wa Ethiopia na Somalia wanaoitafuta Bondeni, yaani Afrika Kusini. Wengi wa hao Waethiopia wanatokea kusini mwa nchi yao, maeneo ya Hadiya na Kembata, watoto wa wakulima kabisa kama sisi. Tunachokijua kuhusu wao mara nyingi ni ile picha ya taarifa ya habari, wamekalishwa chini kwenye uwanja wa kituo cha polisi, vichwa vimeinama, dereva kasimama pembeni, imeisha. Jina hakuna, na hujui kama huyo kijana kwao alikuwa analima au alikuwa fundi cherehani.

Sasa kabla hatujafika kwenye maiki na taa, niseme hili, na naomba ulichukue kwa uzito wake: usiende kumtafuta mtu aliyejificha. Najua ndio kitu cha kwanza kinachokuja kichwani, kwamba niingie kwenye ile nyumba, niwapige wakiwa humo humo, hiyo ndio itakuwa filamu. Hapana. Kamera inaacha njia. Boda aliyekupeleka amepajua, jirani amekuona na begi, simu yako imeandika ulipokuwa, na wale mawakala wanaowasafirisha hawana huruma na mtu anayeonekana kuwaharibia, wewe utarudi kwenu Mwanjelwa ukalale lakini yule kijana anabaki nao. Filamu nzuri ya jambo hili inaweza kujengwa na watu ambao wako salama kuongea, pamoja na sisi tunaoishi kandokando ya barabara, tunaoona na tunaokaa kimya. Hatua zote hapa chini zimetokana na hilo.

Hatua ya kwanza: chagua nani yuko salama kuongea

"Wahamiaji" ni neno pana mno, ukiingia nalo hivyo hivyo utatoka na klipu mia na hakuna filamu. Angalia karibu yako kwanza, maana huku Nyanda za Juu watu wamehama na kuhamishwa kwa namna nyingi kuliko tunavyodhani.

Kuna vijana wetu wenyewe. Tunduma, Mbeya mjini, Kyela, huwezi kukosa nyumba yenye kijana aliyekwenda Bondeni kwa njia za panya, na wengine walirudi baada ya zile vurugu za kuwapiga wageni za mwaka 2008, 2015 na 2019. Mtu kama huyu yuko kwao, ana kitambulisho cha NIDA, hakuna wa kumfukuza, na anaijua njia ile ile anayopita Mhabeshi, anajua kukaa ndani ya lori bila hewa, anajua kudaiwa na wakala. Kwangu mimi huyu ni dhahabu, na ajabu ni kwamba watu wa filamu wanamruka kwa sababu ni Mtanzania.

Kuna wazee. Rungwe na Kyela ukiwahi bado unaweza kukuta mzee aliyekwenda migodini Johannesburg enzi za Wenela, yaani Witwatersrand Native Labour Association, waliokuwa wanakusanya wanaume huku mpaka serikali yetu ilipokatisha mambo hayo baada ya uhuru. Upande wa Njombe na Iringa utakuta watu ambao babu zao walikwenda Tanga kwenye mkonge kama manamba. Ukimweka mzee wa Wenela na kijana aliyerudi Sauzi kwenye filamu moja, mtazamaji ataunganisha mwenyewe, wewe huna haja ya kumwambia kitu.

Kuna Warundi waliokimbia mwaka 1972 wakakaa Katumba, Mishamo na Ulyankulu, na mwaka 2014 kama watu 162,000 wa kundi hilo wakapewa uraia wa Tanzania. Baadhi ya watoto wao wako vyuoni na kwenye biashara mikoa mbalimbali, uliza utawapata. Kuna waliohamishwa ndani ya nchi, mfano wafugaji wa Ihefu kule Mbarali walioondolewa na mifugo yao kuanzia 2006, wengi wakapelekwa kusini mpaka Lindi, na mwaka 2008 bonde la Usangu likaingizwa kwenye Hifadhi ya Taifa Ruaha. Hiyo peke yake ni filamu. Na kama unataka kuwafumbua macho watu, Ifunda na Kidugala palikuwa na kambi za wakimbizi kutoka Poland wakati wa vita kuu ya pili, Wazungu waliokimbia vita wakapokelewa kwenye ardhi ya Wahehe na Wabena.

Alafu kuna wanaoishi barabarani: mama anayeuza uji pale malori yanapolala, fundi wa matairi, mkulima wa kahawa Mbozi aliyeamka asubuhi akakuta vijana wamelala shambani kwake hawajui Kiswahili hata cha kuombea maji. Huyo mkulima alifanyaje? Aliwapa maji? Alipiga simu? Analalaje tangu siku hiyo? Ukipata mtu mmoja anayekujibu hayo maswali kwa ukweli umepata moyo wa filamu yako.

Chagua mmoja au wawili, usizidishe watatu kwa filamu ya dakika ishirini.

Hatua ya pili: soma kesi

Watu wanaogopa mahakama bure. Kesi nyingi zinaendeshwa wazi, Mbeya mjini, Vwawa, Kyela, unaweza kuingia ukakaa nyuma na daftari lako ukasikiliza, kamera unaiacha nje maana kurekodi ndani bila ruhusa ya mahakama hairuhusiwi. Hapo utasikia jinsi inavyokwenda, mkalimani yupo au kesi imeahirishwa kwa kumkosa, dereva amesema nini, wakala mkubwa hayupo kizimbani. Na kesi zilizokwenda mpaka Mahakama Kuu hukumu zake nyingi ziko TanzLII, tovuti ya sheria na hukumu za Tanzania, bure, kwa simu tu, unatafuta neno uhamiaji au usafirishaji wa binadamu kwa Kiingereza na unachagua Mbeya. Soma hata tano. Utajifunza kitu ambacho watu wengi wanakichanganya: kuna kosa la kuingia nchini kinyume cha Sheria ya Uhamiaji, na kuna kosa la kumfanya mtu biashara, ambalo liko kwenye Sheria ya Kuzuia Usafirishaji Haramu wa Binadamu ya 2008, na kwenye hilo la pili yule aliyesafirishwa ni mwathirika. Tena kuna Sheria ya Wakimbizi ya 1998 ambayo inamhusu mtu anayeomba hifadhi. Ukiyachanganya haya matatu kwenye sauti ya msimulizi umemuumiza mtu.

Hatua ya tatu: vibali

Hapa niseme kwa kifupi ila usiruke. Kupiga filamu Tanzania kunahitaji kibali cha Bodi ya Filamu, sheria yenyewe ni ya mwaka 1976, na maombi yanataka uonyeshe andiko la filamu yako. Andiko liwe la kweli, usiandike "filamu ya utalii" alafu ukaenda kuuliza mambo ya mpaka. Ukishapata kibali shuka nacho ngazi kwa ngazi, mkoa, wilaya, mtendaji wa kata, mwenyekiti wa mtaa au kijiji, kila mahali unaacha nakala na unaondoka na muhuri. Inachosha lakini siku mgambo akikushika bega pale Tunduma utaufurahia ule muhuri. Droni ina kibali chake cha mamlaka ya anga. Kituo cha mpakani, polisi, gereza, kambi ya jeshi, stesheni na madaraja ya TAZARA, usinyanyue kamera bila ruhusa ya wenyewe. Makambi ya wakimbizi ya Kigoma ni mpaka Wizara ya Mambo ya Ndani.

Na usimpe lifti wala kumhifadhi mtu asiye na kibali cha kuwepo nchini ukidhani ni sehemu ya kazi, hilo ni kosa la jinai kwako na kwa dereva wako. Ila kuna kitu kimoja nakisisitiza. Ukikutana na watu wenye hali mbaya, amezimia, anatapika, amekosa maji siku nyingi, kamera inakwenda chini, unampa maji kidogo kidogo na unaita msaada wa kituo cha afya na mwenyekiti wa kijiji. Ndiyo, watakamatwa. Nimejadiliana na watu wengi juu ya hili na wapo wanaosema bora uondoke kimya. Mimi nasema mtu aliye hai mahabusu bado ana kesho, na tumeshaona kinachotokea watu wakiachwa porini.

Hatua ya nne: mkalimani

Hapa ndipo filamu nyingi za wahamiaji zinapokufa bila mwenye filamu kujua. Kwanza usidhani kila Muethiopia anaongea Kiamhari, anaweza kuwa anakijua cha shule tu na lugha yake ya ndani ni Kihadiya, Kikambata au Kioromo, na mtu akiongea lugha ya shule anakuwa mfupi, anaonekana kama hana hisia, wewe unadhani ni mtu mkavu kumbe amekosa maneno. Muulize ndoto zake anaota kwa lugha gani, hiyo ndio ya kufanyia intavyuu.

Pili, mkalimani ni nani? Mtu wa kwanza utakayeonyeshwa mtaani kwamba "huyu anajua lugha yao" anaweza kuwa amejifunza hiyo lugha kwa sababu ndio kazi yake ya kuwapokea na kuwapeleka. Muulizie kwa watu wawili watatu wasiojuana. Na hata akiwa safi anaweza kuwa wa kabila au ukoo ambao muongeaji anauogopa, hasa kwa Wasomali, kwa hiyo kabla ya kukutanisha watu muulize muongeaji kama anamtaka huyo mtu chumbani. Wakati mwingine ni bora mkalimani awe kwenye simu, mbali, hawaonani.

Siku ya kazi kaa hivi: muongeaji akutazame wewe, mkalimani akae pembeni ya kamera nyuma kidogo ya bega lako, asikae kati. Mwambie asifupishe. Ukiona mtu ameongea dakika mbili na mkalimani anasema "anasema njia ilikuwa ngumu", simamisha, rudisha kwa upole. Rekodi mfululizo bila kukata, maana baadaye utampa mtu wa pili, asiyejuana na wa kwanza, asikilize sauti na kuandika tafsiri upya kutoka mwanzo. Gharama hiyo usiikwepe, heri ukose droni. Tofauti kati ya tafsiri mbili ndio itakuonyesha ulichokuwa hukisikii.

Kwa Wakongo utajiona uko nyumbani kwa sababu ya Kiswahili, lakini Kiswahili cha Bukavu au Lubumbashi kina mambo yake, usijifanye umeelewa, uliza.

Hatua ya tano: ridhaa, na kuongea na mtu aliyeumia

Ridhaa haipatikani siku moja. Siku ya kwanza nenda bila kamera, kaa, kunywa chai, salimia kwa lugha ya pale, kamwene ukiwa Iringa, ugonile ukiwa Tukuyu, eleza filamu ni ya nini, nani ataiona, itakaa wapi, kwamba ikishaingia intaneti haitoki. Alafu ondoka. Mwache alale na hilo wazo. Ukirudi akasema hataki, asante, unakunywa chai nyingine unaondoka. Akikubali, rekodi ridhaa yake kwa sauti, kwa lugha yake, aseme mwenyewe kwa maneno yake ameelewa nini, hiyo ina nguvu kuliko karatasi ya Kiingereza aliyowekewa alama ya x aweke sahihi. Na karatasi yenye jina lake kamili ikiwa kwenye begi lako ni hatari kwake. Tangu Mei 2023 Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022 inatumika, picha na sauti ya mtu ni taarifa zake, usizichukulie kirahisi.

Muulize swali hili kila mmoja: nani hutaki aione? Utashangaa. Wengi hawataji polisi. Wanamtaja mama. Familia imeuza ng'ombe au imekopa ili mtoto aende Sauzi na mtoto amewaambia kwamba mambo mazuri, sasa wewe unamwonyesha analia. Wengine wanamtaja mtu aliyemkopesha baba. Hiyo inabadilisha jinsi utakavyopiga, na pengine inabadilisha kama utapiga kabisa.

Mtu aliye chini ya ulinzi hana ridhaa ya kweli. Hata ukipewa ruhusa zote na mkuu wa kituo, hata akiletwa mbele yako akasema ndiyo, askari amesimama pale mlangoni, atasema nini kingine? Ukipata nafasi hiyo itumie kusikiliza, sura usichukue. Watoto walio peke yao usiwapige sura kwa namna yoyote.

Maswali sasa. Usianze na jangwa, usianze na lori, usianze na nani alikufa. Anza na kwao. Kwenu asubuhi mnakula nini, nyumba yenu mlango umeangalia wapi, ulikuwa unajua kazi gani. Mtu akishakuwa mtu mbele ya kamera, yaani ana mama, ana shamba, ana timu anayoshangilia, ndipo akitaka ataingia mwenyewe kwenye njia, na atasimamia anapotaka. Mpe ishara ya mkono ya kusimamisha na muijaribu mara moja kabla ya kuanza aone kweli unasimama. Asikae na mgongo kwenye mlango, aone pa kutokea. Maji yawepo. Akilia usisogeze lenzi karibu, kaa ulipo, subiri, muulize kama mnaendelea. Na usimwache kwenye sehemu mbaya zaidi ya stori, kabla ya kufunga mrudishe kwenye leo, amekula nini, kesho ana mpango gani, nani atakuwa naye jioni hii.

Malipo? Stori hailipiwi, ukilipa stori mwingine atakuja na stori nzuri zaidi ya kutunga kwa sababu ana njaa. Lakini siku ya mtu inalipika. Kama mpakia mizigo ameacha kazi ili akae na wewe, mfidie kile alichopoteza, nauli, chakula, bando aliyopigia simu. Mkubaliane kabla ya kurekodi na iwe sawa kwa wote.

Hatua ya sita: kupiga, kwa hali ya hewa ya kwetu

Simu inatosha. Weka mfumo wa ndege kabla ya kurekodi ili usipigiwe katikati, funga fokasi na mwanga visicheze, safisha lenzi kwa kitambaa safi. Kinachotofautisha kazi nzuri na mbaya ni saundi, kwa hiyo pesa ya kwanza nunua maiki ndogo ya kubana kwenye shati na kale kamanyoya kake ka kuzuia upepo, maana upepo wa Makambako na Uyole utakula kila kitu ulichoambiwa.

Mvua zetu zinaanza kama Novemba mpaka Aprili, na nyumba zetu ni mabati. Mvua ikianza kupiga bati intavyuu imekwisha, hakuna programu ya kuiokoa. Kipindi hicho fanya mahojiano asubuhi, saa 2 mpaka saa 5, mchana mawingu yanajikusanya. Juni na Julai baridi inashusha betri haraka, zikae mfuko wa ndani wa koti karibu na mwili, na ukungu wa asubuhi ukiwa safarini Tukuyu au Mufindi ni mzuri sana kwa picha za barabara. Chumba chenye mapazia na godoro kinameza mwangwi, chumba kitupu cha sakafu ya saruji kinarudisha sauti. Ukimaliza kila intavyuu waombe wote wanyamaze dakika moja urekodi ukimya wa chumba, kwenye kuediti utaniombea dua.

Picha za kujazia: malori yanayosubiri Tunduma, mikono inayofunga turubai, taa za breki kwenye mteremko, uji unachemka saa 11 alfajiri, reli. Kaa mahali pamoja muda mrefu, traipodi au hata mfuko wa mchele chini ya simu, sekunde thelathini bila kutikisa, ukikimbiakimbia utapata vipande ambavyo haviungani.

Hatua ya saba: kumficha mtu kikwelikweli

Ule ukungu wa kuweka usoni kwenye simu peke yake hautoshi. Mtu anatambulika kwa masikio, kovu, pete, koti alilovaa siku nyingi, anavyotembea, na zaidi ya yote sauti. Kushusha sauti iwe nzito kwa programu ni kitu ambacho mtu mwingine anaweza kukirudisha, kwa hiyo kama hatari ni kubwa andika maneno yake na mpe mtu mwingine ayasome, na umwambie mtazamaji kwamba hii ni sauti ya msomaji. Ukimpiga kwa nyuma akiwa kivuli dirishani, angalia dirisha linaonyesha nini. Hapa Mbeya mlima Loleza ukionekana kwa pembe fulani mtu wa Mbeya anakutajia mtaa. Mabango ya duka, namba za magari, mnara wa simu, kengele ya kanisa fulani, sare ya shule ya mtoto wa jirani, vyote vinaongea. Njia bora ni kupanga tangu mwanzo usipige uso: mikono inamenya viazi, kivuli ukutani, viatu. Ukiwa na faili ambalo uso haumo kabisa huna cha kuibiwa.

Zima eneo kwenye kamera ya simu kabla hujatoka nyumbani, la sivyo kila klipu inaweza kubeba namba za mahali ilipopigwa. Usiposti chochote ukiwa lokesheni, hata stetasi ya WhatsApp, hata ile ya "kazini leo". Faili usiziite majina ya watu, tumia namba, na ufunguo wa namba hizo uwe kwenye daftari linalokaa nyumba nyingine. Nakala mbili kila jioni, eksteno (hadi diski ya nje) moja kwako na nyingine kwa mtu unayemwamini, na zote mbili ziwe na neno la siri.

Hatua ya nane: kuediti

Andika kwanza kila kilichosemwa, chote, alafu panga filamu kwenye karatasi kabla ya kugusa kompyuta. DaVinci Resolve ina toleo la bure kama kompyuta yako ina nguvu, ikigoma CapCut inafanya. Muziki wa huzuni chini ya mtu anayelia utoe, machozi yake yanajitosha. Subtaito ziwe kubwa na za Kiswahili rahisi, na usisahihishe maneno ya mtu yawe ya kitabuni.

Kuhusu vifo, itabidi viwemo, kwa sababu vipo kwenye njia hii. Juni 2012 miili zaidi ya 40 ya Waethiopia ilikutwa imetupwa Dodoma baada ya kukosa hewa kwenye lori. Machi 2020 walikutwa 64 wamekufa ndani ya kontena Tete, Msumbiji, 14 wakatoka hai. Desemba 2022 miili 27 ilikutwa imetupwa kando ya barabara Ngwerere, nje ya Lusaka, na mmoja alikuwa bado anapumua. Namba na tarehe hizi ziandike kwenye skrini nyeusi, msimulizi anyamaze. Picha za miili zilizosambaa kwenye magrupu usizitumie hata moja, kuna mzazi Hosaena, kule Hadiya, ambaye mpaka leo hajui mtoto wake ni yupi kati ya hao.

Na hesabu ya wahusika iangalie: kama kwenye dakika ishirini wahamiaji wanalia tu na wenyeji ndio wanaoeleza kila kitu, rudi kwenye klipu. Kijana aliyerudi Sauzi ana maoni juu ya mpaka, juu ya serikali yake, juu ya bei ya kahawa, mwache atoe hoja.

Hatua ya tisa: kuonyesha

Wa kwanza kuiona ni waliomo, kila mmoja peke yake, kabla haijafungwa. Akisema toa pale, unatoa. Kisha ipeleke Bodi ya Filamu ikaguliwe na kupangiwa daraja kabla ya kuionyesha hadharani. Baada ya hapo ianzie huku, projekta, shuka jeupe, ukumbi wa kata Tunduma au darasa Vwawa, jioni, alafu watu wakae waongee, na andaa mtu mzima mwenye busara wa kuongoza mazungumzo maana wapo watakaosema "hao wanatuletea matatizo" na lazima nao wasikilizwe bila ukumbi kuwaka moto. Matamasha yapo, ZIFF ya Zanzibar ipo tangu 1998, na Docubox ya Nairobi inasaidia watu wa dokumentari wa Afrika Mashariki, jaribu zote mbili.

YouTube iwe ya mwisho kabisa na inaweza isiwepo. Inawezekana ukawa na toleo la ukumbini lenye kila kitu na toleo la intaneti ambalo mtu fulani hayumo. Wape wahusika namba yako ambayo hutaibadilisha, na kabla ya kila onyesho jipya wapigie uwaambie linafanyika wapi. Mtu akikupigia hata mwaka wa pili akasema maisha yangu yamebadilika, nitoe, mtoe siku hiyo hiyo kwenye kila mahali unapopafikia, na zile klipu zake ghafi uzifute kwenye eksteno zote mbili, ya kwako na ile iliyoko kwa yule unayemwamini.